Njia ya Uani Kwangu

Nilicheza filamu moja tu maishani mwangu, na ndani yake sikusema neno hata moja. Watu huniuliza ni filamu ya nini, nami huchoka kabla sijaanza kueleza. Hakuna harusi, hakuna mwizi, hakuna mke mwenza, hakuna hata mtu anayepigwa kofi. Kuna mwanamke anayechemsha maji. Ukungu unapanda kutoka ziwani, mwanamke anaanua nguo, anakaa, anatazama ukuta, kisha anakunywa chai, na hiyo chai anaimaliza yote mbele ya macho yako, funda kwa funda. Mwanamke huyo ni mimi.

Nyumba yangu iko Nyalukemba, mjini Bukavu, lakini si Nyalukemba ile ya majumba yenye maua ukutani. Iko kule ambako barabara inakoma na ngazi za udongo zinaanza. Pembeni mwa nyumba kuna korongo, na kila msimu wa mvua linakula kipande kingine cha mlima. Juu yangu ziko nyumba nyingine zilizojishikilia kwenye mteremko, na wenye nyumba hizo wakitaka kushuka bombani, sokoni au misani, hupita uani kwangu. Hakuna mahali palipoandikwa kwamba ni njia. Marehemu mume wangu alichonga ngazi kwa jembe tulipojenga, watu wakaanza kuzikanyaga, basi ikawa njia. Wanapita kati ya jiko langu na kamba ya nguo, na kila anayepita ananisalimia, nami lazima niitikie hata kama nina mswaki mdomoni. Miaka mingi nililalamika. Nilisema huu si ua, hii ni stendi ya magari.

Wa kwanza kupita kila asubuhi alikuwa jirani wa nyumba iliyo juu kabisa ya yangu. Ni mjane kama mimi, anauza sambaza, wale samaki wadogo wa ziwa, na lazima awahi ufukweni kabla wenzake hawajachagua wazuri. Akifika dirishani kwangu alikuwa anagonga kwa kidole na kunisalimu kwa lugha ya kwetu.

"Asinge! Bado uko muzima?"

"Niko nakungojea weye utangulie," nilikuwa namjibu kitandani.

Alikuwa anacheka huku akishuka, na kicheko chake nilikisikia mpaka kwenye kona. Hapo ndipo nilipokuwa naamka. Jioni akirudi aliniachia sambaza kiganja kimoja, au mimi nilimpa makaa ya moto ya kuwashia mbabula yake, jiko lile la mkaa, kwa sababu kiberiti chake kilikuwa hakiishi kupotea. Hatukuwahi kuuita urafiki. Tulikuwa majirani tu, na tulisengenyana pale ilipobidi.

Mwaka ule wa vita mji ulikuwa umechoka, nasi tulikuwa tumechoka pamoja nao. Benki zilikuwa zimefungwa, watu walizungumza kwa sauti ya chini, na kila aliyekohoa alitazamwa mara mbili. Ndipo alipokuja yule dada wa filamu. Ni mtoto wa hapa hapa Bukavu, amesoma Ulaya, amerudi na kamera ndogo na vijana wawili, mmoja wa picha na mmoja wa sauti. Alikuwa ameiona nyumba yangu kutoka chini, ikiwa peke yake pale kwenye ukingo wa korongo, akapanda ngazi zote hadi mlangoni akihema.

"Maman, munaishi na nani humu?" aliniuliza.

"Niko peke yangu. Bwana alikufa. Batoto, mumoja iko Kampala, mwingine aliolewa Minova."

Uso wake ukachangamka kana kwamba nimempa zawadi. Hakuniuliza kama ninajisikia mpweke. Alidhani amekwisha kujibiwa. Alinieleza kwamba anatengeneza filamu kuhusu upweke wa watu wa pembezoni mwa mji, na kwamba mimi nisingefanya lolote ila yale ninayoyafanya kila siku. Nilikubali siku hiyo hiyo. Nasema ukweli: nilifurahi. Tangu mume wangu afariki hakuna mtu aliyekuwa ameomba kunitazama.

Jumapili kabla ya kazi kuanza, jirani yangu aliniletea sahani ya sombe. Majani ya muhogo yalikuwa yametwangwa laini, na mawese yamejaa hadi juu. Tumbo langu na mawese havipatani tangu nikiwa msichana, lakini sombe ya yule mama huwezi kuiacha. Nilikula yote. Siku mbili nilishinda kitandani na chooni, na kwa kuwa ua wangu ni stendi, kila aliyepita aliniuliza nina nini, nami nikamjibu kila mmoja bila kufikiri: "Ni tumbo, tangu nikule ile sombe." Niliwajibu hivyo kama mtu anavyosema kwamba mvua imenyesha. Jirani mwenyewe alikuja kuniona, akasimama mlangoni, akasikia namwambia mtu mwingine maneno hayo hayo. Alinipa pole, akaondoka upesi. Nikadhani anawahi samaki wake.

Kisha kazi ikaanza, na siku ya kwanza nzima ikaharibika. Yule dada alitaka nikae kwenye kigoda nitazame ukuta. Nikakaa, nikatazama. Akatokea fundi wa paa na mabati yake kichwani, akanisalimia, akawasalimia vijana wa kamera mmoja mmoja, akawauliza habari za safari.

"Maman, tunarudilia," akasema dada.

Tukarudilia. Wakapita wanafunzi wakiimba. Tukarudilia. Akapita mama mwenye bidoni ya maji mgongoni, akaomba kuitua hapo kidogo apumzike, naye ni mzito wa kuinuka. Kijana wa sauti alikuwa amejishika kichwa. Mara ya mwisho nilitazama ukuta vizuri sana, kamera ikinisogelea taratibu, watu wote kimya. Hapo hapo nikasikia mtu anakaa chini kando yangu. Ni jirani yangu, amerudi kutoka ziwani na karai yake. Akaniwekea mkono mgongoni.

"Nani alikufa?" akaninong'oneza.

Na alikuwa na haki ya kuuliza. Kwetu mwanamke hakai chini akatazama ukuta huku watu wamemsimamia kimya, ila kama kuna kilio.

"Hakuna mutu alikufa. Niko nafanya filme."

"Filme ya kulia?"

"Ya kukaa."

"Ya kukaa!" akasema, akawatazama wale vijana kwa huruma. Alipanda kwake akarudi na chupa ya chai, kwa sababu kilio au filamu, watu wanaokaa wanahitaji chai.

Jioni ile dada wa filamu aliniomba kwa heshima zote niwaambie majirani wasipite kwa muda wa wiki moja tu. Alisema upweke hauonekani kukiwa na watu. Nilimwelewa. Nilikuwa nimekwisha kuanza kujiona mtu wa maana kidogo, nisiseme uongo. Nikazunguka nyumba kwa nyumba, nikisimama milangoni bila kukaa, kwa sababu mwanga ulikuwa unaisha na bado walitaka kunipiga picha nikifunga dirisha. Nyumba ya juu kabisa ilikuwa ya mwisho.

"Wiki hii musipite kwangu," nilimwambia. "Muzunguke ku korongo."

"Hata miye?"

"Hata weye."

"Mupaka siku gani?"

"Mupaka bamalize."

Hakuuliza nani wamalize nini. Alisema sawa, akaurudisha mlango polepole. Kama ningekaa hata kidogo, nikapokea maji ya kunywa, nikamweleza kuhusu ule mwanga na yule kijana wa sauti, angecheka na jambo lingeishia hapo. Lakini nilishuka mbio kwenda kufunga dirisha mbele ya kamera.

Wiki ile nilitekeleza kazi yangu vizuri. Nilichemsha maji, nikaanua nguo, nikazianika tena kwenye kamba ile ile, nikaanua tena. Nilijifunza kutembea polepole kuliko kawaida, maana kumbe kwenye filamu za aina hiyo watu hawana haraka. Dada alikuwa ananiambia, "Maman, usifanye kitu. Kaa tu ndani ya kimya." Na kimya kilikuwepo kweli. Sijawahi kusikia nyumba yangu ikiwa hivyo. Nilisikia bati likijinyoosha juani, nikamsikia panya ambaye nadhani aliishi nasi miaka yote.

Walipomaliza walifungasha vitu vyao, tukapigana mabusu, wakaenda. Asubuhi iliyofuata niliamka mapema nikangoja kidole dirishani. Hakikugonga. Nilisikia miguu ikishuka mbali, upande wa korongo, na nikamtambua kwa kikohozi chake. Nikasema labda hajajua kwamba kazi imekwisha. Nikaanza kuwaita watu kwa sauti: piteni, piteni, tumemaliza! Waliniitikia kwa adabu wakiwa mbali, "Aksanti, maman," kisha wakazunguka. Hata wanafunzi walizunguka. Njia ya korongoni ni mbaya, ina utelezi, na mtu mwenye akili hawezi kuichagua akiwa na bidoni mgongoni. Wao waliichagua.

Ni mama mmoja bombani aliyenifumbua macho. Nilimwuliza kwa hasira kama ua wangu unanuka. Alitazama pembeni.

"Banasema weye ulijua mutu mwenye alikupatia ile kitu."

"Kitu gani?"

"Maman. Unajua."

Nilibeba maji yangu nikapanda. Kwetu ugonjwa hauji bure. Watu wazima, wenye kusoma, waliobatizwa, wakiumwa tumbo jambo la kwanza wanalojiuliza ni wamekula kwa nani. Tuna hata jina la ile sumu, karuho, na kwa sababu ya jina hilo ndugu wamekwisha kutengana na harusi kuvunjika. Sasa tazama nilichokifanya. Nimekula sombe ya mtu. Nimeugua, nikautangazia mlima mzima kwamba ni ile sombe. Siku chache baadaye nimepita mlango kwa mlango, nimesimama bila kukaa, nimekataa hata maji, nikawaambia watu wasikanyage kwangu. Mtu akifunga ua baada ya kuugua, hahitaji kueleza zaidi. Kila aliye mlimani alielewa kwamba nimemtaja mwuza sambaza, na yeye mwenyewe ndiye aliyeelewa kabla ya wote.

Na huwezi kwenda kuyakanusha. Nilijaribu kuyapanga maneno, nikaona hayapangiki. Ukimwendea mtu ukamwambia hukudhani amekuwekea sumu, tayari umelitamka lile neno mbele ya watoto wake. Nikajaribu njia nyingine. Misani nilikaa benchi moja naye, tulipofika kwenye kupeana amani akanipa mkono, mkono wenyewe laini na wa baridi, akasema, "Amani, maman." Zamani alikuwa ananifinya. Nikampelekea sahani ya maharagi kupitia kwa binti yake. Ikarudi jioni ikiwa imefunikwa vizuri, na maharagi yote ndani. Hapo nililia. Kumbe naye alikuwa ananiogopa, anadhani nitalipiza.

Miezi ilipita hivyo. Nilianza kufanya kweli yale niliyoyaigiza. Nilichemsha maji ya mtu mmoja, nikanywa chai ya mtu mmoja, nikatazama ukuta bila mtu wa kuniambia turudilie. Binti yangu alipiga simu kutoka Minova akaniuliza mbona sauti yangu imekuwa ndogo, nikasema ni mtandao. Sikutaka kuhamia kwake. Sikutaka mji mwingine wala nyumba nyingine. Nilitaka yule mama apite. Nilikuwa nimechoka kwa namna ambayo usingizi hauisaidii.

Kisha filamu ikawa tayari. Waliionyesha alasiri, katika ukumbi mmoja huko Ibanda, mapema ili watu wawahi kurudi kwao. Nilivaa kikwembe changu kizuri, nikashuka peke yangu. Majirani niliwaalika wote misani, wakasema wataona. Hawakuja. Walikuja watu wa maofisini, wenye miwani na chupa ndogo za maji.

Kujiona ukutani ukiwa mkubwa kama nyumba si jambo jema kwa mwanamke wa umri wangu. Niliona visigino vyangu. Niliona kwamba nakunywa chai kwa kelele. Watu walitulia kama kanisani, na mimi nilikuwa nahesabu makosa: pale dirisha halikufungwa vizuri, pale ile nguo haikuwa imekauka. Ndipo ikaja picha ambayo sikuikumbuka. Nimesimama kwenye kamba, shuka mikononi, na nimegeuza kichwa kutazama juu ya ngazi. Hakuna anayeshuka. Naendelea kutazama. Shingo yangu imenyooka, mdomo uko wazi kidogo, tayari kuitikia salamu. Picha hiyo inakaa muda mrefu sana. Halafu nageuka, nakunja shuka.

Hakuna aliyenielekeza kufanya vile. Ilikuwa siku ya mwisho ya kazi, nilikuwa nimesikia kikohozi cha jirani yangu upande wa korongo, nikadhani amesahau makatazo yangu na anakuja. Nilidhani hawanipigi picha. Nikiwa pale ukumbini nilijionea huruma, na nilijikasirikia pia, maana yule mwanamke ukutani alijua wiki ile ile anangoja nini, na mimi nilichukua miezi kujua.

Watu walipiga makofi. Bwana mmoja aliniuliza kwa Kifaransa niliingiaje katika upweke wa kina namna ile. Nilimjibu kwamba nilifuata maelezo. Dada wa filamu alinikumbatia akasema ile picha ya ngazi ndiyo moyo wa kazi yake yote.

"Ile si filme," nilimwambia. "Ile ni jirani yangu mwenye hapitake tena."

Akafumba macho, akasema nimesema maneno mazuri sana, akaomba ruhusa ya kuyatumia. Nikamruhusu. Hakuwa na ubaya wowote, mtoto wa watu. Alichokuja kukitafuta alikipata, na hakujua alikuwa amekileta mwenyewe na mimi nikamsaidia kukibeba.

Nilipanda ngazi zote za mlima bila kupumzika. Nilipofika kwangu sikuingia. Niliupita ua wangu nikaendelea juu, na kikwembe changu cha ukumbini na viatu vya kubana, mpaka kwa jirani. Ilikuwa saa ya chakula. Alikuwa amechutama mbele ya mbabula anasonga bugali. Aliponiona, mwiko ulisimama.

"Nina njaa," nilisema. "Unipe chakula."

Kwetu mtu mzima hasemi hivyo nje ya nyumba aliyozaliwa. Alinitazama toka viatu hadi kichwa, akarudi kusonga. Aliipakua bugali, akaweka sahani ya sambaza za kukaanga zenye mchuzi kati yetu, akanimiminia maji ya kunawa. Nilinyoosha mkono. Akaushika, akaurudisha gotini kwangu. Kisha yeye mwenyewe akamega tonge, si upande wake, upande wangu, akachovya mchuzi wa upande wangu, akachukua samaki aliye karibu nami. Akatafuna taratibu huku akinitazama machoni. Akameza, akangoja. Hivyo ndivyo tunavyofanya mbele ya mgeni tusiyejua anatuwazia nini. Miaka yote tuliyoishi hakuwahi kunifanyia hivyo.

"Umeona?" akasema. "Sasa kula."

Nikala. Machozi yakaanza kudondoka kwenye bugali, sikuweza kuyazuia.

"Ni pilipili," nikasema nikijifuta.

"Sikuweka pilipili," alijibu. "Sikuweka kitu. Hata ile siku, sikuweka kitu!"

"Najua. Hata ile siku nilijua. Ni mawese."

"Mawese?"

"Tangu niko mutoto."

Alilitupa tonge lake sahanini. Kisha akapandisha sauti. "Ungesema! Miezi yote hii korongoni na karai kichwani, binti yangu ameanguka mara mbili, na weye ni mawese! Mutu muzima, hajui kufungua mudomo! Hata padri alikuwa ananitazama!" Watu wa nyumba za jirani walitoka nje kusikiliza, nami nilifurahi kuliko nilivyofurahia makofi ya Ibanda, kwa sababu hiyo ilikuwa sauti yake ya kweli, si ile ya "aksanti, maman". Alinigombeza mpaka bugali ikapoa, na mimi nikaendelea kula.